Mfungaji Aliyesimama Nje ya Chaki

Kijana aliingia dukani saa tano asubuhi, akapita kando ya foleni ya watu wa fomu za kodi za KRA, akaja hadi kaunta na kuinama kama anayeniletea siri ya nyumbani. Mkononi alikuwa na kadi ya chuo iliyovikwa plastiki na picha ya pasipoti. Nyuso mbili, watu wawili.

"Mzee, nataka hii ikae hapa."

Sijafika umri wa kuitwa mzee, lakini hapa Kitengela ukishamiliki kaunta na mashine ya kuchapa, basi, mzee ni wewe. Nikamuuliza kadi ni ya nani. Ya rafiki. Na picha je? Ya rafiki mwingine. Aliponiona nimenyamaza akaongeza maneno aliyodhani yangenituliza: "Si ya benki, mzee. Ni ya mpira tu."

Maneno hayo niliwahi kuyasema mimi, katika saiba inayofanana na hii yangu, hatua chache kutoka stejini, nikiwa na kadi na picha vilevile. Nikamvutia kiti. Watu wa KRA wakanung'unika, wakasubiri. Nilichomweleza ndicho ninachokiandika hapa, ila hapa nimeongeza yale ambayo kaunta haikuwa na nafasi nayo.

Chuo chetu kilikuwa cha ufundi, na jina lake halina kazi katika habari hii. Ni zaidi ya miaka kumi sasa. Sensa ya 2019 ilihesabu watu zaidi ya 154,000 hapa Kitengela. Enzi zile mji haukuwa umebanana hivyo, na ukitembea ukiziacha nyumba nyuma bado ungeweza kuona punda milia wakila nyasi pamoja na ng'ombe wa Wamaasai. Uwanja wetu ulikuwa wa udongo mweusi, ule ambao kila mwenyeji anaujua. Kiangazi unapasuka nyufa za kumeza kifundo cha mguu. Mvua ya Aprili ikinyesha, kila kiatu kinabeba kilo yake, na mpira unabaki pale ulipoangukia kama mtu aliyekataa kwenda kazini. Magoli yalichomelewa na darasa la uchomeleaji kwa mabomba ya darasa la mabomba. Goli la upande wa barabarani lilikuwa fupi kuliko mwenzake kwa shubiri nzima, na hakuna aliyekiri: wachomeleaji waliwalaumu mafundi bomba, mafundi bomba wakalaumu futi kamba. Jioni ng'ombe walikatiza katikati ya mazoezi, nasi tukasimama hadi wapite. Mchungaji hakuwahi kuomba radhi, wala haikumpasa. Walikuwepo kabla yetu.

Mimi sikucheza. Nilikuwa katibu wa timu, cheo kinachomaanisha kubeba faili, maji na lawama. Kocha alikuwa mwalimu wa mekanika, mtu mwema asiyelipwa hata senti kwa mpira, aliyezoea kutwambia kuwa timu ni kama injini na kisha kusahau alitaka kufika wapi na mfano huo. Tulikuwa na mabeki wa kuaminika, vijana wa umeme na ujenzi, warefu, wasiopenda mzaha. Kipa alikuwa anasomea upishi na alidaka kwa mikono inayojua vitu vya moto. Mabao ndiyo hatukuwa nayo.

Kundi letu lilikuwa la vyuo vinane, mechi saba. Ya kwanza tulifungwa 1-0. Ya pili sare bila bao. Ya tatu sare 1-1, na hilo bao letu moja walijifunga wenyewe, beki wao akirudisha mpira kwa kipa aliyekuwa ameinama kufunga kamba za kiatu. Mechi tatu, pointi 2. Straika wetu alikuwa mwanafunzi wa mwaka wa pili wa mabomba, kijana wa kuamka mapema, aliyefika uwanjani kabla ya sisi wote na kuondoka wa mwisho, na aliyepiga nje kila alichopewa. Namtaja kwa sababu katika visa vya namna hii watu kama yeye husahaulika, nami nilimsahau kwa miaka mingi.

Jumapili moja tulicheza mechi ya kirafiki na timu ya mtaa wa Noonkopir. Kijana wao mmoja, mfupi, mwenye viatu vya kuazima, alitufunga mabao matatu kabla ya mapumziko. Siku za kazi alikuwa kibarua wa kupakia mizigo kule EPZ, eneo la viwanda. Jumapili alicheza popote penye chakula na nauli. Jioni ile tukaketi watano kwenye kibanda cha chapati. Wazo likazaliwa pale. Nani alilitamka kwanza, sijui. Nimewahi kuwauliza wenzangu, na kila mmoja anakumbuka kuwa alikuwa mwingine.

Neno tulilijua: mamluki. Ni neno la Kiarabu, na asili yake ni mtu anayemilikiwa, askari mtumwa. Askari wa namna hiyo walinyakua utawala wa Misri mwaka 1250 wakaushika hadi 1517. Katika michezo ya shule na vyuo vya Kenya, mamluki ni yule anayechezea chuo asichosoma. Wa kwetu hakuwa na hatari ya kunyakua chochote. Tulikubaliana naye shilingi 500 kwa mechi, pamoja na chakula cha mchana.

Kilichobaki kilikuwa jina. Chuo hakimsajili mtu wa Noonkopir, lakini kilikuwa na majina ya watu waliosajiliwa na ambao hawapo. Palikuwa na kijana wa umeme, kwao ni mbele ya mji wa Kajiado ukielekea Bissil, aliyeahirisha masomo muhula wa pili kwa kukosa karo. Mwaka uliotangulia alikuwa mchezaji wa akiba, na kadi yake ilikuwa imesalia kwenye droo ya ofisi ya michezo. Ufunguo wa droo ulikuwa wangu. Hatukumpigia simu kumuuliza. Ni jambo dogo, tulisema; hata akijua atacheka.

Nataka uione ile kadi. Muhuri wa chuo ulikuwa umepigwa nusu juu ya picha na nusu juu ya karatasi, kusudi picha isiweze kubadilishwa. Nilipochana plastiki na kubandua picha ya mwenyewe kwa wembe, nusu duara ikaondoka nayo. Mwenye saiba akaniambia kazi yake ni plastiki, mambo ya muhuri hayamo ndani ya shilingi hamsini. Basi nikaazima kalamu ya bluu, nikaegemeza kiwiko kwenye kaunta, nikaichora juu ya picha mpya ile nusu iliyokosekana: mstari wa duara, halafu herufi tatu za mwisho za KITENGELA. E, L, A. Nilizipinda vizuri zikafuata mzingo wa muhuri. Mkono haukutetemeka hata kidogo. Kadi ilipotoka mashineni ikiwa bado moto nilipuliza juu yake na kuishika mbele ya dirisha, nikajivunia. Kati ya yote ya msimu ule, ninalolionea aibu zaidi ni lile la kupuliza.

Picha ya mwenyewe niliitia kwenye pochi.

Tukaanza kushinda. 3-0, 2-1, 4-0, 1-0. Mechi nne, mabao kumi, na manane ni yake. Shida pekee ilikuwa jina: mechi ya kwanza nahodha aliliita mara tatu na kijana wa watu hakugeuka, hata mwamuzi akatazama. Tukaamua kumwita hivyo kila mahali, mazoezini, kwenye chapati, hadi kwenye matatu. Baada ya wiki mbili alikuwa anaitika kabla hujamaliza. Baada ya mwezi mimi mwenyewe nilikuwa nimesahau sura ya mwenye jina, na sura hiyo nilikuwa ninaikalia, ndani ya pochi.

Kocha alijua? Aliona straika mpya ambaye hakuwa amemwona kwenye karakana yoyote, naye ni mwalimu wa karakana. Siku moja alinisogelea na kusema, bila kunitazama, "Katibu, makaratasi yako sawa?" Nikajibu yako sawa. Akasema, "Vizuri. Maana kila timu ina yake." Hatukulirudia tena.

Fundi bomba wetu alikaa benchi mechi tatu. Ya nne hakuja. Hakuna aliyeuliza alipo.

Kwa pointi 14 tukaingia nusu fainali, na nusu fainali zilipangiwa uwanja wa Ildamat, mjini Kajiado. Tulikodi matatu. Ni kama kilomita hamsini, Kisaju, Isinya, halafu ile nchi inafunguka na upepo unakuwa na nafasi ya kukimbia. Tuliimba njia nzima. Kama kuna kati yetu aliyekumbuka kuwa tunakwenda upande wa kwao mwenye jina, hakusema. Mimi sikukumbuka, na hilo sikulitumia kamwe kama utetezi. Mtu anayechukua kitu cha mwenzake hana haraka ya kukumbuka nyumba ya mwenyewe iko wapi.

Mwenye jina alikuwa akiendesha bodaboda pale mjini, akikusanya karo. Abiria fulani alimwambia kuwa chuo cha Kitengela kinacheza Ildamat, naye akaacha kazi saa za pesa, akaja kushangilia chuo chake pamoja na wenzake wawili, wote na makoti yao ya bodaboda. Alisimama nje ya chaki upande wa meza ya kamisaa. Nami nilikuwa nimeketi kwenye meza hiyo, nimeinamia orodha ya wachezaji.

Dakika ya 63 mfupi wetu aliupokea mpira kifuani, akampita beki, akafunga. Mwenye kipaza sauti akatangaza mfungaji, jina la kwanza na la baba, polepole, kwa sauti ya kiofisi.

Wale wenzake wawili walipiga kelele kuliko benchi letu. Wakamnyanyua juu. "Ero! Kumbe unafunga ukiwa hapa nje!" Na yeye akacheka. Naomba usilipite neno hilo: alicheka kwa moyo mweupe, kwa sababu katika akili yake hapakuwa na uwezekano mwingine ila mtu amekosea kusoma karatasi. Alikuja mezani kusaidia. Alinisalimu mimi kwanza, "Katibu, niaje," kisha akamgeukia kamisaa kwa adabu.

"Mwalimu, samahani, mmekosea jina. Huyo mliyemtaja ni mimi."

Kamisaa akaangalia orodha, akamwangalia yeye, akaniangalia mimi. "Unamjua huyu?"

Nikasema, "Simjui."

Hakukasirika. Alinitazama kama mtu anavyotazama mlango wa kwao ulioingia ufunguo lakini ukakataa kufunguka. Kisha akaingiza mkono ndani ya koti, akatoa kitambulisho chake cha taifa, akakiweka juu ya orodha. Majina matatu yalilingana na majina matatu. Mwalimu wa timu pinzani alikuwa amekwisha kuinuka kwenye kiti chake na kuita mtu amletee fomu ya rufaa na pesa za ada.

Yaliyofuata yalikwenda upesi. Mechi ilimalizika, tukashinda 1-0, na kabla ya jua kutua ushindi huo haukuwepo. Siku chache baadaye matokeo yote aliyocheza mamluki yakafutwa. Tulibaki na pointi 2, zile tulizozipata wenyewe, moja yake kwa bao la kujifunga la wapinzani. Chuo kikafungiwa msimu mmoja.

Msomaji atadhani hapo ndipo penye funzo: mwizi ana siku arobaini. Mithali hiyo tuliimba darasani tukiwa wadogo, na nadhani ndiyo iliyotuponza, kwa maana inamfanya mtu ahesabu siku. Inasema juu ya mwizi tu. Haisemi neno juu ya aliyeibiwa, na mimi nimekuja kuona kuwa habari yote iko kwake.

Chuo kiliitisha kikao. Nahodha alisimamishwa muhula mmoja. Kocha akapewa onyo. Mamluki hakufanywa lolote, kwani hakuwa wa mtu. Alirudi EPZ kupakia, akitudai nauli ya Kajiado hadi leo. Mimi nilisema kadi niliikuta kwenye droo ikiwa hivyo, na wakanikubalia. Lakini kikao kilitaka kujua kadi halali ya mwanafunzi imefikaje mikononi mwa mtu wa nje, na jibu lililokuwa rahisi kwa kila aliyeketi chumbani lilikuwa kwamba mwenye kadi aliikodisha. Hakuwepo kujibu. Barua ikaandikwa na kuwekwa kwenye faili lake.

Alirudi miezi miwili baadaye na karo ya muhula kamili, ya bodaboda pamoja na mbuzi wawili wa mama yake. Ofisi ikamwambia ana kesi ya nidhamu na hawezi kusajiliwa hadi isikilizwe. Alikuwa hajagusa mpira mwaka mzima.

Tangu hapo nimekuwa nikifuatilia kesi za wachezaji wasiostahili kama mgonjwa anavyosoma kila kitu kinachoandikwa kuhusu ugonjwa wake. Ziko nyingi. Watanzania wanaijua vizuri ya Serengeti Boys, timu yao ya taifa ya vijana. Mwaka 2005 vijana hao walikuwa wamefuzu kwenda Gambia kwenye fainali za Afrika za chini ya miaka 17, wakaondolewa kwa sababu ya mchezaji aliyezidi umri, na Zimbabwe ikaenda mahali pao. Miaka kumi na miwili baadaye gurudumu likazunguka: Kongo Brazzaville iliondolewa baada ya kushindwa kumpeleka mchezaji wake mmoja kwenye kipimo cha umri, na Serengeti Boys ndio waliokwenda Gabon mwaka 2017. Watu husimulia visa hivi viwili kama hesabu iliyolipana. Mimi huwafikiria wale watoto wengine wa vikosi vyote viwili, ambao umri wao ulikuwa halali na vyeti vyao safi, waliofungua mabegi nyumbani. Tangu fainali za dunia za 2009 kule Nigeria, FIFA hupima mifupa ya kifundo cha mkono cha vijana kwa mashine ya MRI. Mashine hiyo husema habari za mfupa. Nani aliyeandika tarehe ya uongo, haisemi.

Kuna nyingine ambazo hazina hila ndani yake, na hizo huwa nazitenga. Juni 2013 Ethiopia iliifunga Botswana 2-1 ugenini katika safari ya kutafuta Kombe la Dunia, ikiwa imemchezesha mtu mwenye kadi mbili za njano aliyepaswa kukaa nje. FIFA ikageuza matokeo kuwa 3-0 kwa Botswana. Afrika Kusini walilifanya kosa hilohilo dhidi ya Lesotho Machi 2025, wakapokonywa pointi 3 ijapokuwa Lesotho hawakukata rufaa kwa wakati. Timu zote mbili zilimaliza kileleni mwa makundi yao hata hivyo, na Afrika Kusini wakafuzu. Hayo ni makosa ya karani aliyepitiwa. Sisi karani wetu alikuwa macho, na kalamu ya bluu mkononi.

Na kuna moja ya Marekani, katika mpira wao ule wa kukimbia nao kifuani, ambao vyuo huuchezea mbele ya watu maelfu kwa maelfu. Chuo Kikuu cha Southern Methodist, kule Texas, kiligunduliwa kikiwalipa wachezaji kinyume cha sheria. Katika kesi ya mwisho walikuwa wachezaji 13. Wakubwa wa michezo ya vyuo waliufuta msimu wake wote wa 1987. Wa 1988 chuo chenyewe hakikucheza. Timu ilirudi 1989 ikiwa na vijana ambao wengi wao hawakumjua hata mmoja wa wale waliolipwa, ikapigwa mwaka baada ya mwaka, na haikufika tena kwenye mechi za heshima za mwisho wa msimu hadi 2009. Hesabu mwenyewe: mtoto aliyezaliwa mwaka wa adhabu alikuwa na miaka 22.

Nilipokuwa na umri wa kijana yule aliyekuja dukani nilidhani adhabu ya udanganyifu ni kama faini ya trafiki, anayekosa ndiye anayelipa. Katika kila kesi niliyoisoma, na katika ile niliyoitenda, bili ilikwenda kwa mtu ambaye hakuwepo chumbani ilipoandikwa. Jina ni mali isiyofungwa kufuli. Linakaa kwenye droo za watu, kwenye orodha za watu, likimngoja mwenyewe arudi, na kwa muda wote huo mlinzi wake ni karani. Karani mwenyewe ndiye mimi.

Kuhusu sehemu yangu ya mwisho nitasema kwa ufupi, kwa kuwa haina sifa. Nilisikia habari za ile kesi ya nidhamu kutoka kwa mpishi, kipa wetu, ambaye hakunilaumu wala kunishauri. Alinieleza tu habari za mbuzi wawili, akaendelea kumenya viazi. Nilikaa nalo wiki sita nzima. Kisha nikaenda kwa msajili, nikafungua pochi, nikaweka ile picha juu ya meza, pembe moja ikiwa bado na nusu duara ya muhuri halisi. Msajili alilitoa faili, akalinganisha na kadi iliyokuwa imeshikiliwa kama ushahidi, akaitazama E yangu, L yangu, A yangu, kwa muda mrefu. Akaniuliza kwa sauti ya kawaida kabisa, "Na siku ya kikao ulikuwa wapi?" Nilikuwa nimeketi kiti cha pili kutoka mlangoni.

Barua ikatolewa kwenye faili lake. Usajili wa muhula ule ulikuwa umefungwa zamani, kwa hiyo alirudi mwaka uliofuata, akamaliza, na sasa anafunga umeme wa majumba kati ya Isinya na Kajiado. Barua yangu nilipewa, ya kusimamishwa muhula mmoja, na niliihesabia kuwa nafuu. Mwenye jina huja dukani mara kwa mara kuchapa makadirio ya kazi zake. Tunaongea bei ya nyaya, mvua, watoto. Ile "simjui" hatujawahi kuigusa. Mara ya mwisho alikuja kupiga picha ya pasipoti. Nilimpiga, nikazikata nne, nikazipanga kwenye bahasha, na yeye akafungua bahasha akazihesabu.

Hayo ndiyo niliyomsimulia kijana, kwa kifupi zaidi, watu wa KRA wakiwa wameacha kunung'unika na kuanza kusikiliza. Mama mmoja aliyekuja kupeleka fomu ya mwaka akauliza, "Kwani aliyefungiwa chuoni alijua ni wewe?" Nikamwambia alijua tangu pale mezani.

Kijana alikuwa akiigeuza kadi vidoleni. Nikamuuliza, "Huyo rafiki mwenye kadi, yuko wapi sasa?"

"Ameenda kwao kutafuta karo."

"Umempigia?"

Akatazama chini. Nikamsogezea simu ya duka, ile ya wateja, juu ya kaunta. Aliitazama kitambo, akasema atapiga na yake, akatia kadi mfuko mmoja na picha mfuko mwingine. "Sawa mzee. Nimeskia." Akatoka akielekea upande wa stejini.

Kwenye mtaa wetu kuna mashine sita za plastiki. Yangu ni moja.